Kesi ya Mandazi kwa Nyumba ya Kulala

Wasichana wangu, nimesikia mkisema nje ya kanisa kwamba mkimaliza shule mtafungua hoteli. Vizuri. Lakini nimewaangalia vile mnaosha vyombo siku ya mkutano wa akina mama, na nimeona heri niandike kitu kabla hamjachoma mtu.

Mimi nimepika chai na mandazi huko Kitui mjini mpaka moshi ukaniharibu macho. Ndipo nikaachia bibi ya kijana wangu Mutuku ile kazi, nikarudi hapa Tawa kwa watu wangu. Kuandika nimejifunza nikiwa mtu mzima, kwa masomo ya jioni. Mkikuta neno limelala upande, liinueni mwendelee.

Nilianza vibaya sana. Baba Mutuku hakurudi kutoka vitani, na mimi nikavuka mto Athi na watoto wangu wanne, nikaenda Kitui nikiwa najua kupika isyo peke yake. Mahindi na maharagwe, basi. Nikapata chumba kwa Bi Zuhura, mama Mwislamu ambaye wazazi wake walitoka pwani zamani. Alikuwa mjane kama mimi, na alikuwa na nyumba ndefu ya mabati, vyumba kwa mstari, kila mpangaji na mlango wake. Ndiye alinifundisha mandazi.

Mandazi zangu za kwanza, mbuzi wa Bi Zuhura alizinusa akaangalia kando. Mteja mmoja fundi viatu alinunua moja, akaizungusha, akauliza kama ninazo kubwa kidogo za kugongea misumari. Bi Zuhura hakucheka. Alisimama nyuma yangu, akatazama vile nakanda.

"Mwanangu," akasema, "huo unga umekukosea nini?"

"Hakuna, mama."

"Basi mbona unaupiga? Ukande, uache ulale, na wewe ukae chini uombe Mungu."

Hiyo ndiyo siri, na naiandika hapa bure. Unga unataka kuachwa. Yeye alikuwa anaswali kwa saa zake, mimi naomba kwa zangu, na katikati ya sala zake na zangu ule unga haukupata mtu wa kuuharakisha. Hata hamira ilikuwa shida, haikupatikana kila wakati. Watu wakaniambia nitie machicha ya pombe ya asali, unga utafura kama tumbo la ng'ombe. Mimi nikakataa kwa sababu ya Biblia, Bi Zuhura akakataa kwa sababu ya Korani. Hiyo ndiyo siku niliona Mkristo na Mwislamu wakikubaliana bila kuitisha baraza. Tukatumia uji uliochacha. Weka kikombe kimoja usiku, asubuhi unga umeamka kabla yako.

Mafuta nayo, usiyapime kwa kidole kama mimi nilivyofanya mara moja. Tupa kipande kidogo cha unga. Kikizama na kununa huko chini, ngoja. Kikipanda kikizunguka kama mtu ana habari ya kusema, anza. Na mtu wa maneno mengi mpe chai ya vuguvugu. Ukimpa ya moto atakaa akiipuliza mpaka jua lishuke, na wengine wamesimama.

Sasa niwaambie habari ya benchi, kwa sababu hapo ndipo taabu yangu ilianzia.

Siku zile, mzee wa heshima kununua chakula kilichopikwa ilikuwa aibu. Watu wangesema bibi yake ameshindwa kupika, au amemfukuza. Kwa hivyo wazee walikuwa wanakuja kwangu kama watu wanaotafuta mbuzi aliyepotea: anaangalia huku, anaangalia kule, halafu anapotea ndani. Mimi nikaona niwasaidie. Nikatundika gunia, nikaweka benchi nyuma yake, na nikaielekeza kwa ukuta. Mtu anakaa, anaangalia udongo, anakula. Aliye kando yake pia anaangalia udongo. Hakuna amemwona mwenzake. Mimi tu ndiye nilikuwa nawajua, kila mmoja kwa kikohozi chake. Wazee watatu wa koti, wale wanaoamua kesi za mji, walikula kwa hiyo benchi miezi mingi, kila mmoja akidhani siri ni yake peke yake.

Chumba kilichopakana na changu kilikuwa cha Muli. Muli alikuwa askari wa usiku, analinda maduka. Hakuwa na bibi, hakuwa na mtoto, alikuwa na kitanda na hasira. Anarudi jua likitoka, anajifungia, na wakati huo ndio mimi nawasha moto. Alikuwa anagonga ukuta kwa rungu. Nikawa napika polepole. Akawa anagonga polepole. Mwisho akaenda koti.

Mpaka hapo mimi sikujua kama nimevunja sheria. Karani wa koti, kijana wa kola nyeupe, ndiye alikuja kutueleza, amesimama uani na Bi Zuhura amekaa kwa mkeka.

"Kibali cha nyumba hii ni cha watu kulala," akasema. "Si cha biashara. Koti ikiona hii ni hoteli, kibali kinachukuliwa."

"Kinachukuliwa kinaenda wapi?" Bi Zuhura akauliza.

"Kinaisha, mama. Na nyumba inafungwa."

Akaenda. Bi Zuhura akakaa muda mrefu akikunja pindo la leso yake. Ile nyumba ndiyo mume wake alimwachia, hakuwa na kitu kingine duniani. Na mimi bila ile karai ya mandazi narudi Tawa kukaa nyuma ya nyumba ya shemeji, na watoto wanatoka shule. Nikaona kama ni mimi nimeleta mchwa kwa nyumba ya mtu aliyenikaribisha.

Asubuhi ya kesi akaniambia, "Mama Mutuku, sema ni wageni. Mtu hawezi kushtakiwa kwa kukaribisha wageni."

"Nitaapa kwa Biblia, Bi Zuhura."

"Ni wageni kidogo."

"Siwezi."

Akanifunga kitambaa changu vizuri kichwani, kama mtu anayemtayarisha maiti, tukaenda.

Koti ilijaa. Wakati huo ilikuwa hakuna kitu kingine cha kutazama Kitui. Wazee watatu walikaa mbele, na mkubwa wao alikuwa Mzee Nzioka, mtu wa mkufu wa saa na sauti nzito. Nyuma kabisa, kati ya wanawake, alikuwa amekaa bibi yake, Mama Nduku, na kikapu chake cha kyondo anasuka.

Muli akasimama. "Wazee, mimi kazi yangu ni usiku. Kwa hivyo mchana ndio usiku wangu. Sasa huyu mama anapika ndani ya usiku wangu."

"Anakupikia wewe?" Mzee Nzioka akauliza.

"Hanipikii. Anapika, na harufu inapita kwa ukuta. Naota nakula. Juzi nimeamka blanketi iko mdomoni."

"Uliimeza?"

"Kidogo."

Watu wakacheka, karani akagonga meza.

"Umemwona mtu akinunua?"

"Mzee, nilikuwa nimelala."

"Kwa hivyo shahidi wako ni pua."

Muli akaita mashahidi wengine. Akaanza na yule fundi viatu. Fundi viatu akaangalia watu, akaona bibi yake mwenyewe amekaa hapo mbele, akageukia mlango.

"Wewe unanunua chakula kwa huyu mama?"

"Mimi hupita hapo tu."

"Unapita kwenda wapi? Kile chumba ndicho cha mwisho. Mbele yake ni ua."

"Naenda kwa ua."

"Kufanya nini?"

"Kurudi."

Wakaitwa wengine, na wote walikuwa wanaenda kwa ua na kurudi. Nikaanza kuona kama nitapona bila kufungua mdomo. Bi Zuhura alikuwa ananitazama na macho ya kusema, nyamaza, mwanangu, Mungu anatusaidia. Lakini nikaitwa, nikashika Biblia.

"Mama, ni kweli unauza chai na mandazi kwa chumba cha kulala?"

"Ndiyo, mzee. Nauza."

Bi Zuhura akajifunika uso kwa leso.

"Na nimeapa kusema yote," nikaendelea. Sikuwa na ujanja wowote, nilikuwa naogopa kiapo tu. "Kama koti inataka kujua nauzia nani, nitawataja, nikianza na wale wa jana."

Wazee wote watatu wakashikwa na kikohozi. Na mimi nilivijua vile vikohozi, kila kimoja na sukari yake.

"Koti haijauliza majina," Mzee Nzioka akasema.

Mama Nduku akaweka kyondo chini. "Koti iulize."

"Mama, kaa kimya. Hapa ni koti."

"Najua ni koti, Baba Nduku. Nimetembea kuja kusikia majina."

Mzee akapangusa jasho. Akasema kesi ya nyumba haiamuliwi mbali na nyumba, kwa hivyo twende tukaione. Alifikiri ametoroka. Tukaenda wote, wazee, karani, Muli, na nusu ya mji nyuma yetu.

Mlango wa chumba changu ulikuwa na boriti ya chini. Fundi aliyeijenga alipima kwa kichwa chake, na yeye alikuwa mfupi. Mgeni yeyote akiingia mara ya kwanza lazima agonge. Karani akaingia wa kwanza, akagonga, kofia ikaanguka. Nyuma yake akaja Mzee Nzioka. Alikuwa amegeuka anawakataza watu wasisukumane, haangalii mbele kabisa. Alipofika chini ya boriti akainama bila kuacha kuongea, akapita, akajinyoosha upande wa pili.

"Baba Nduku," Mama Nduku akasema kutoka nje, "umejuaje kuinama?"

"Nimeiona."

"Ulikuwa unatuangalia sisi."

Mzee wa pili naye ameshapita nyuma ya gunia, na kwa uchovu wa jua akakaa kwa benchi, uso kwa ukuta, mahali pake pa kila siku. Wa tatu akatundika fimbo yake kwa msumari. Ule msumari uko nyuma ya mlango, mtu mgeni hawezi kuuona hata akipewa taa.

Mama Nduku akaingia, akaangalia benchi, akaangalia fimbo. "Na mimi nashangaa," akasema polepole, "isyo naacha sufuria nzima, nakuta imeisha, mzee anasema ameshiba. Na mbwa ananenepa. Nikasema ni baraka."

Hapo hakuna mtu aliweza kujizuia, hata Muli. Mzee Nzioka akatoka nje, akasimama uani, na nitamheshimu siku zote kwa vile alifanya. Angeweza kunilaumu. Akavua kofia akasema, "Watu wangu, sisi hatuwezi kuamua kesi ya nyumba ambayo vichwa vyetu vinaijua. Atafutwe mzee mwingine."

Kutafuta huyo mzee ilichukua muda. Karani aliita mmoja, akampeleka kwa mlango wangu. Mzee akainama. Akarudishwa. Akaita mwingine kutoka Migwani. Akainama. Mwingine alisema hajawahi kufika Kitui tangu azaliwe, akaapa, halafu akainama vizuri kuliko wote. Kila siku nilikuwa nasimama kando ya mlango wangu nikiombea mtu wa Mungu agonge kichwa.

Mwisho wakamleta Mzee Makau kutoka Ikutha, mbali, mahali mtu anaweza kuzeeka bila kuonja mandazi. Alikuwa mrefu sana. Akaja na hatua kubwa, akagonga ile boriti mpaka mabati yakalia.

Karani akafurahi, akaandika kwamba huyu anafaa.

Lakini mimi sikufurahi. Mzee Makau alikuwa ameshika paji la uso kwa mikono miwili. Nikamwambia Bi Zuhura kwa sauti ya chini, tumekwisha, tumempiga hakimu.

Mzee Makau akauliza shida ni nini. Muli akaeleza tena habari ya usiku wake, na harufu, na blanketi. Mzee akasikiliza, uvimbe unakua tu.

"Kesi hii ni ya kulala," akasema. "Macho hayawezi kuiamua. Nionyesheni kitanda cha huyu kijana. Mama, wewe pika kama siku zote. Na wale wanaokula hapa waingie wale kama siku zote. Ni amri ya koti."

Hamjawahi kuona wanaume wakitii amri namna hiyo. Walijipanga mbele ya bibi zao, vifua vimetoka, watu wa sheria. Mama Nduku alisimama kando amefunga mikono. Mzee Makau akavua viatu, akalala kwa kitanda cha Muli, akajifunika ile blanketi yenye pembe iliyoliwa, na mlango ukaachwa wazi ili watu waone.

Nikawasha moto. Mafuta yakaita, mandazi zikapanda, wazee wakakohoa, vikombe vya bati vikagongana, harufu ikaenda mahali ilikuwa inaenda siku zote. Kidogo tukasikia mkoromo.

Karani akauliza, "Sasa niandike nini?"

"Andika koti inafikiri," Mzee Nzioka akamwambia.

Koti ikafikiri mchana wote. Hakuna mtu alithubutu kumwamsha. Na sisi wote tulikuwa tunatazama kitu kimoja tu, mdomo wake. Kama Mzee Makau ataota anakula, kama atashika ile blanketi kwa meno, basi Muli amesema kweli, na nyumba ya Bi Zuhura imeenda. Mimi nilikuwa nageuza mandazi na kuomba, Bwana, mlinde huyu mzee asiote. Sijawahi kuomba sala kama hiyo tena, na sijui kama imo kwa kitabu.

Mara Bi Zuhura akanishika mkono. "Mdomo unatembea," akasema.

Na kweli. Ulikuwa unatembea. Midomo ikafunguka, ikafunga, ikafunguka. Muli akaruka mlangoni.

"Mnaona? Anakula. Nilisema mimi."

Mzee Makau akajipiga kofi kwa shavu, akamfukuza nzi aliyekuwa akimtembea mdomoni, akaamka. Akakaa kitandani akiangalia umati kama mtu aliyesahau yuko wilaya gani.

"Nimelala vizuri," akasema. "Ikutha silali hivi, kuna mbuzi."

"Mzee, uliota?" Muli akamuuliza, na uso umejaa matumaini.

"Niliota."

Hata mafuta yangu yalinyamaza.

"Niliota nimegonga kichwa."

Bi Zuhura akakaa chini palepale kwa udongo na leso yake safi. Mzee akaanza kuvaa viatu, na akamuuliza Muli swali ambalo sisi wote hatukuwa tumeuliza.

"Wewe ukitoka kazini asubuhi unakula nini?"

"Sili. Nakula jioni nikiamka."

"Mimi nimekula njiani chakula alichonifungia bibi yangu, ndiyo sababu nimelala. Wewe unalala na njaa, halafu unashtaki mandazi."

Akatoa hukumu akiwa bado amekaa kwa kitanda cha mshtaki. Nyumba ya kulala ni ile mtu anaweza kulala, na yeye amelala, kwa hivyo Bi Zuhura abaki na kibali chake. Lakini moto na biashara vitoke kwa chumba. Nijenge banda uani, mbali na mabati ya watu, na nikate leseni ya chai kwa karani. Gunia liondoke. Anayetaka kula akae mahali anaonekana. Na Muli asilale tena kabla hajala kitu.

Ndiyo maana nawaambia, kabla hamjawasha moto kwa nyumba ya mtu, ulizeni hiyo nyumba imeandikwa ya nini. Ulizeni mapema, msingoje karani wa kola nyeupe. Na mkiulizwa mnauza, semeni mnauza. Mimi banda langu lilikuwa kubwa kuliko chumba, na wazee wakakaa nje wakiangaliana uso kwa uso kama watu wazima. Hata Mama Nduku alikuja. Alikunywa chai, akamaliza, akasema sukari ni nyingi, akarudi kesho yake kuhakikisha.

Muli akawa mteja wa kwanza kila asubuhi. Anakula, hasemi, anaingia, analala. Nikafikiri yeye na mimi tumemaliza maneno.

Jumapili moja natoka kanisani, nikamkuta amekaa mlangoni kwake, macho mekundu kama pilipili.

"Mama Mutuku," akasema, "kwa nini Jumapili hupiki?"

"Ni siku ya Bwana."

"Sipati usingizi. Nimezoea sufuria zako na wazee wakikohoa. Jumapili kuko kimya, nalala macho wazi. Hii maneno nitaipeleka koti."

"Peleka," nikamwambia. "Lakini utafute mzee ambaye hajalala kwa kitanda chako."

Akafikiria sana. Akaingia ndani, akarudi amevaa shati safi.

"Hilo kanisa lenu," akauliza, "wanaimba kwa sauti?"

"Sana. Na ngoma."

"Kuna benchi?"

"Kuna."

Tangu hiyo siku Muli hakukosa ibada hata moja. Alikuwa anakaa nyuma, anasubiri wimbo wa kwanza, halafu analala mikono kifuani kama mtoto aliyenyonya, mpaka baraka ya mwisho. Mimi nilimshukuru Mungu kwa roho iliyofika nyumbani kwake, hata kama macho yamefungwa. Lakini mhubiri alivumilia akachoka, na siku moja akanivuta kando, akaniuliza kwa upole, ati ile koti ya Kitui, husikiliza pia kesi ya mtu aliyegeuza nyumba ya ibada kuwa nyumba ya kulala?